Sura ya Tano: Daktari Aliyelipima Taifa

Mwaka 1954, vita vya Mau Mau vikiwa vimepamba moto, mpiga chapa wa serikali ya kikoloni mjini Nairobi alitoa kijitabu chembamba kilichoitwa The Psychology of Mau Mau. Aliyekiandika hakuwa mwanajeshi wala mkuu wa wilaya. Alikuwa daktari, J. C. Carothers, aliyeisimamia hospitali ya wagonjwa wa akili ya Mathari tangu 1938 hadi 1950, kisha akahamia Uingereza. Serikali ilimwita arudi Kenya aje aeleze ni kitu gani kimewaingia Wakikuyu akilini hata wakala viapo na kuingia msituni.

Wenyewe walikuwa wamekwisha kueleza. Walidai ardhi iliyotengewa walowezi wa Kizungu katika nyanda za juu. Kwa miaka mingi walikuwa wamelalamikia kipande, yaani kitambulisho cha kazi walicholazimishwa kubeba, kodi, na siku za kazi ambazo maskwota walitakiwa kumtumikia mlowezi ndipo waruhusiwe kulima kishamba pembeni mwa shamba lake. Wapiganaji waliliita jeshi lao Jeshi la Ardhi na Uhuru. Ni vigumu kusema wazi kuliko hapo.

Carothers aliyasukuma hayo pembeni. Kwa maoni yake Mkikuyu alikuwa amekwama njiani: ameziacha mila zilizokuwa zikimshikilia na hajaushika ustaarabu mpya, kwa hiyo amejaa wasiwasi, kinyongo na hofu ya uchawi, na wajanja wachache wameitumia hali hiyo kwa kumlisha viapo. Hivyo ndivyo uasi ulivyogeuzwa dalili ya maradhi. Ardhi iliondolewa mezani, ikawekwa akili.

Nataka tukae na kisa hiki kwa sababu ukosoaji wa tiba ya akili tunaousoma mara nyingi hutoka mbali. Mwaka 1961 peke yake ulitoa vitabu vinavyojadiliwa hadi leo. Thomas Szasz alisema Marekani kwamba ugonjwa wa akili ni hekaya. Erving Goffman alionyesha jinsi maisha ya ndani ya hospitali yanavyomvua mgonjwa utu wake. Michel Foucault alichapisha Ufaransa historia ya wendawazimu na waliowafungia. Vinastahili kusomwa. Lakini mwaka huohuo Frantz Fanon, daktari wa magonjwa ya akili mzaliwa wa Martinique, alichapisha kitabu ambamo Carothers anatajwa kwa jina na kushtakiwa. Kisa cha Mathari kilikuwa katika mjadala huo tangu mwanzo. Ni sisi ambao hatufundishwi.

Mathari ilianza mwaka 1910 kama hifadhi ya vichaa ya Nairobi. Wagonjwa walitengwa kwa rangi: Wazungu kwao, Wahindi kwao, Waafrika kwao. Carothers alikuwa amefika Kenya mwaka 1929 akiwa daktari wa kawaida wa serikali, na alipokabidhiwa hospitali hiyo hakuwa na mafunzo maalumu ya magonjwa ya akili. Alihudumu pia katika gereza la Nairobi. Simlaumu kwa kukosa mafunzo. Koloni lilikuwa na madaktari wachache, na aliyekuwepo alipangiwa kazi iliyokuwepo. Alikuwa mchapakazi, akaandika, akahesabu. Hesabu hizo ndizo zinazotakiwa kuangaliwa kwa karibu, maana kosa kubwa limo humo, na ni kosa linalorudiwa hata na watu wasio na ubaguzi wowote.

Ni nani hasa aliyefika Mathari miaka ya 1940? Ni yule aliyechoma nyumba. Ni yule aliyevua nguo sokoni, aliyemkata mtu kwa panga, aliyeokotwa na polisi akizungumza peke yake barabarani mjini ambako hakuwa na ndugu. Aliletwa na askari au na chifu, mara nyingi baada ya kupita mahabusu. Sasa mfikirie mama aliyezika watoto wawili msimu mmoja. Halali. Hali. Anakaa jikoni tangu asubuhi akitazama moto, akiulizwa anasema kichwa kinamuuma, mwili hauna nguvu. Huyo hakumsumbua chifu. Dada yake alikuja kumpikia, majirani wakampalilia, mganga akaitwa, siku zikaenda. Akipona, amepona, akifa, ilisemwa amekufa kwa majonzi. Katika daftari la Mathari hayumo.

Carothers alichukua idadi ya waliolazwa, akaigawanya kwa idadi ya Waafrika wa koloni zima, na akapata kwamba wazimu kwa Waafrika ni nadra mno ukilinganisha na Ulaya na Marekani. Lakini sensa ya kwanza iliyowahesabu Waafrika wa Kenya ilifanyika mwaka 1948. Kabla ya hapo idadi ilikuwa makadirio ya ofisini. Na nchi alizozilinganisha na Kenya zilikuwa zimejenga hospitali za namna hiyo kwa karne nzima, kila mkoa na yake, zenye vitanda maelfu kwa maelfu. Penye vitanda vingi hulazwa wengi. Alichokipima ni vitanda, polisi na barabara, akadhani amepima akili.

Ndani ya takwimu hizo aliona jambo jingine: wenye sonona walikuwa wachache sana. Angeweza kujiuliza kama mtu mwenye huzuni nzito, anayejikunja kimya nyumbani, hufikishwa kwa daktari na askari. Hakwenda huko. Alisema Mwafrika hapati sonona kwa sababu hana hisia ya kujilaumu. Kila baya humsukumia mchawi au mzimu, kwa hiyo dhamiri yake haimli. Kutokana na wagonjwa waliokosekana wodini, akatunga tabia ya bara zima.

Udongo ulikuwa umekwisha kutayarishwa. Mtangulizi wake mmoja pale Mathari, H. L. Gordon, alikuwa mstari wa mbele katika chama cha kuchunguza uboreshaji wa rangi za watu kilichoundwa Kenya mwaka 1933. Mwaka 1934, F. W. Vint, mwanapatholojia wa serikali, alichapisha katika jarida la anatomia makala juu ya bongo za wenyeji wa Kenya, akidai kwamba gamba la nje la ubongo wao ni jembamba kuliko la Wazungu. Carothers hakuwa mkali kama hao, na waliomjua hawakumwona kuwa mtu wa chuki. Hilo halipunguzi lolote. Mwaka 1951 aliandika makala akisema Mwafrika wa kawaida anafanana kitabia na Mzungu aliyefanyiwa lobotomia.

Lobotomia ni upasuaji ambao nyuzi zinazounganisha sehemu ya mbele ya ubongo na sehemu nyingine hukatwa. Mreno aliyeuanzisha, Egas Moniz, alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1949, na kwa miaka kadhaa maelfu ya wagonjwa wa Ulaya na Marekani walikatwa hivyo. Wengi walitulia. Walitulia kwa kupoteza hamu, mipango, aibu na uwezo wa kufikiria kesho. Hao ndio Carothers aliowachukua kuwa kipimo: watu walioharibiwa na kisu cha daktari wakawekwa upande mmoja, na mkulima mzima wa Nyeri au Kakamega, mwenye deni la ng'ombe analolikumbuka kwa vizazi viwili na mpango wa kumsomesha mwanawe, upande wa pili. Naye akaona wanafanana.

Miaka miwili baadaye, 1953, Shirika la Afya Duniani lilichapisha kitabu chake juu ya akili ya Mwafrika katika afya na maradhi. Kuanzia hapo hayakuwa tena maoni ya daktari mmoja wa Nairobi. Yalisafiri yakiwa na muhuri wa shirika la dunia, yakasomwa na wanafunzi wa udaktari ambao hawakuwahi kuuliza daftari la Mathari lilijazwaje.

Ukiweka kitabu hicho kando ya kile kijitabu cha Mau Mau, unaona jambo ambalo kwangu ndilo kiini cha sura hii. Huzuni ya Mwafrika ilinyimwa jina la ugonjwa, na hasira yake ikapewa. Alipoteseka kimya, daktari alisema hana kitu. Alipopiga kelele kwa sababu inayojulikana, daktari alisema anaumwa.

Nguvu ya jina la ugonjwa ni kwamba humwondolea mtu haki ya kubishana. Mwenye madai hujibiwa, ama kwa kupewa ama kwa kunyimwa. Mgonjwa hajibiwi, hutibiwa. Carothers alipendekeza Wakikuyu wakusanywe vijijini. Wazo halikuwa lake peke yake, kwani Waingereza walikuwa wamekwisha kulitumia Malaya dhidi ya wakomunisti, ila sasa lilipata na cheti cha daktari. Kati ya katikati ya 1954 na mwisho wa 1955, zaidi ya watu milioni moja waliondolewa kwenye maboma yao wakatiwa katika vijiji zaidi ya 800, vingi vikiwa vimezungushiwa mahandaki na miba, kukiwa na amri ya kutotoka nje. Nyumba zao za zamani zilichomwa. Katika kambi za kizuizini nako lugha ya hospitali ilitumika: wafungwa waligawanywa kuwa weupe, wa kijivu na weusi kwa kadiri walivyohesabiwa kuambukizwa na kiapo, na kukiri kiapo kulihesabiwa kuwa hatua ya kupona. Asiyekiri alihesabiwa hajapona. Tarehe 3 Machi 1959, katika kambi ya Hola, wafungwa 11 walipigwa hadi kufa kwa kugoma kufanya kazi. Taarifa ya kwanza ya serikali ilisema wamekufa baada ya kunywa maji. Iliichukua Uingereza hadi Juni 2013 kukubali kuwalipa Wakenya 5,228 walioteswa, pauni milioni 19.9 kwa jumla.

Waliomjibu Carothers kwa uzito walikuwa madaktari wa akili. Naisisitiza hoja hii kwa sababu wako wanaodhani kuikosoa fani hii ni kuikataa. Thomas Adeoye Lambo wa Nigeria hakusema magonjwa ya akili ni ya Wazungu. Alisema utafiti ule hauna miguu, kisha akafanya wake. Kule Aro, karibu na Abeokuta, alianza mwaka 1954 utaratibu wa kuwaweka wagonjwa katika vijiji vinavyoizunguka hospitali, kila mgonjwa akiwa na ndugu yake wa kumtunza, wakipata matibabu mchana na kurudi jioni kwa wenyeji waliowapangisha. Waganga wa jadi aliwaita, akafanya nao kazi. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, yeye na wenzake wa Chuo Kikuu cha Cornell walikwenda vijijini Uyoruba, mlango kwa mlango, badala ya kuwahesabu waliolazwa. Waliikuta sonona, na wasiwasi pia. Uganda nako, John Orley na John Wing walichunguza vijiji viwili vya Buganda kwa dodoso lilelile lililotumika kwa wanawake wa Camberwell, London, na matokeo yao ya mwaka 1979 yalionyesha sonona nyingi zaidi Buganda kuliko Camberwell. Yule mama wa jikoni alikuwepo siku zote. Kilichohitajika ni mtu wa kwenda kumuuliza.

Fanon ana somo la namna nyingine, na ndilo linalonigusa zaidi, kwa kuwa alijikosoa mwenyewe kabla ya kuwakosoa wengine. Alipofika hospitali ya Blida-Joinville nchini Algeria, Novemba 1953, alipewa wanawake 165 wa Kizungu na wanaume Waislamu 220. Alileta mbinu nzuri alizojifunza Ufaransa: mikutano ya wodi, sherehe, gazeti la wagonjwa, kazi za mikono. Wanawake walichangamka. Wanaume hawakujali. Hawakuimba, hawakuandika, na kwenye mikutano walikaa kimya. Kwa madaktari wa Algiers, waliofundishwa na Antoine Porot kwamba Mwarabu ni mvivu wa akili kwa maumbile, jibu lilikuwa wazi. Fanon na mwenzake Jacques Azoulay waliandika mwaka 1954 kwamba walioshindwa ni wao, kwa kuwa waliwaletea watu burudani za Kifaransa wakashangaa kwa nini hawafurahi. Wakafungua mkahawa wa kunywea kahawa ndani ya hospitali, wakaadhimisha sikukuu za Kiislamu, wakamwalika msimulizi wa hadithi. Wanaume wale wakaanza kuzungumza.

Leo hakuna daktari wa Afrika Mashariki anayetaja ubongo mwembamba. Lakini mtindo wa kuondoa madai na kuweka akili haujafa. Umehama kutoka kwa kabila ukaingia kwa mtu mmojammoja. Nenda kwenye duka la vitabu Nairobi au Dar es Salaam, fungua simu, sikiliza redio asubuhi. Umaskini ni mtazamo. Kukosa kazi ni kukosa kujiamini. Anayekulalamikia ni mtu sumu, mkate maishani mwako. Niliwahi kukaa katika semina ya kudhibiti msongo wa mawazo iliyoandaliwa kwa wafanyakazi wa usafi ambao walikuwa hawajalipwa kwa miezi. Mkufunzi, kijana mwenye moyo mzuri, aliwaambia wafumbe macho, wavute pumzi, kisha kila mmoja aandike mambo matatu anayoshukuru. Mama mmoja wa safu ya nyuma akanyoosha mkono.

“Mwalimu, samahani. Mimi sina msongo. Nina deni.”

“Mama, hilo tuwaachie utawala. Leo tuzungumzie hisia zako.”

Mama akakaa. Kijana yule hakumdhihaki, na mbinu ya kuvuta pumzi inawasaidia watu kweli. Ila mwajiri aliyelipia semina alikuwa amepata kitu chenye thamani kuliko pumzi: malalamiko ya mshahara yalikuwa yamegeuka hali ya moyo wa mlalamikaji.

Upande wa pili ni mbaya vilevile. Mzee wa familia anaposema msibani kwamba sonona ni ugonjwa wa Wazungu, kwamba zamani watu hawakuwa na mambo hayo, anaamini anatetea uthabiti wetu. Kumbe anarudia ripoti ya Mathari karibu neno kwa neno. Ameirithi bila kuisoma. Kijana aliyeacha kula, anayeambiwa akaze moyo, anahukumiwa kwa hesabu zilezile zilizogawanya idadi ya vitanda vya wakoloni kwa makadirio ya ofisini.

Na njia ya askari bado ipo. Sheria za jinai tulizorithi zilimhesabu anayejaribu kujiua kuwa mhalifu. Kenya ilikuwa na kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu, chenye kifungo cha hadi miaka miwili. Tarehe 9 Januari 2025 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu hicho kinapingana na Katiba, na miongoni mwa waliofungua kesi, pamoja na Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu, kilikuwemo chama cha madaktari wa magonjwa ya akili wa Kenya. Fani ile iliyompima Mkikuyu kwa niaba ya serikali ilisimama safari hii kortini upande wa mgonjwa.

Tanzania, hadi ninapoandika sura hii, kosa hilo bado limo katika Kanuni ya Adhabu. Binti akimeza vidonge usiku na kukimbizwa hospitalini, ndugu zake wanajua polisi wanaweza kuhusishwa, na wanajua neno moja tu linaweza kumfikisha mahakamani. Kwa hiyo wengine humwambia muuguzi wa zamu kwamba alikosea dawa. Muuguzi, naye ni mzazi, anaandika hivyohivyo. Binti anasafishwa tumbo, anapewa maji ya dripu, asubuhi anarudishwa nyumbani bila kuulizwa na mtu yeyote nini kilimfika, na katika takwimu za wizara anahesabiwa kuwa aliyemeza sumu kwa bahati mbaya. Bunge linaweza kukifuta kifungu hicho katika mkutano mmoja tu, na kila mkutano unaopita bila kukifuta unaongeza majina ya namna hiyo kwenye daftari.